Kile Kitu Juu ya Barabara ya Bengamisa

Mwaka huu anga la Kisangani limekuwa sinema ya bure. Jua likishazama, kabla wanawake hawajamaliza kuosha masufuria, mtu mmoja atapiga kelele, "Njo zile! Njo zile!" na mtaa wetu wa Mangobo wote unamwagika barabarani, simu juu. Taa zenyewe zinapita kimya, zimejipanga moja nyuma ya nyingine kama watoto wa shule wanaoingia darasani, halafu zinazimika upande wa msitu. Vijana wanasema ni satelaiti za intaneti. Fundi viatu wa pale kwenye kona anashikilia kuwa ni wageni kutoka sayari nyingine, na analisema hilo kwa furaha, utadhani amewaalika yeye. Hakuna anayekimbia wala anayefunga mlango. Siku ya kwanza nilipoziona, jirani yetu alimpandisha mtoto wake mabegani ili aone vizuri zaidi.

Mama yangu peke yake ndiye aliyekasirika. Alikuwa ameketi mlangoni kwenye kiti chake kifupi, na badala ya kutazama juu alikuwa akitazama watu.

"Leo kila mutu iko na macho ine," akasema, "na hakuna mwenye anamuuliza kitu."

Akabeba kiti chake akaingia ndani.

Kwetu, mwenye macho manne ni mtu anayeona mambo ya wachawi: macho mawili ni ya kawaida kama ya kila mtu, na mawili ni ya kuonea yale yaliyofichwa. Na ukiona mambo ya wachawi, wewe mwenyewe ni mmoja wao, la sivyo ungeyaonaje? Katika utoto wangu sheria hiyo haikuandikwa popote, lakini hata mtoto wa miaka mitano aliijua. Kitu kikionwa na watu wawili, basi kipo, na watu watajadiliana ni kitu gani. Kikionwa na mtu mmoja, basi ni chake.

Mama alikiona peke yake. Ndivyo ilivyoaminika, na ndiyo shida yote.

Mimi nilikuwepo, lakini ushahidi wangu haufai kitu, maana nilikuwa mtoto mchanga, nimelala mgongoni mwake. Mama na dada yake mkubwa walikuwa wametoka shambani, kwenye barabara ya Bengamisa, kuchuma majani ya muhogo. Saa za alasiri. Mama alitangulia na kikapu kichwani, na mama mkubwa alifuata polepole, kwa sababu alikuwa na mimba ya kwanza na miguu ilimvimba. Ndipo mama akainua macho. Juu ya michikichi kulikuwa na kitu cha mviringo, kipana, kinachong'aa kama sufuria iliyosuguliwa kwa mchanga. Hakikuwa na mabawa, hakikuwa na mlio. Kilisimama tu. Ndege wote walikuwa wamenyamaza. Mama akaita, "Yaya!" maana ndivyo tunavyowaita dada wakubwa, "Tazama! Tazama kule!" Akatua kikapu chini, na kitu kile kikapanda juu moja kwa moja, haraka kuliko chochote alichowahi kukiona, kikapotea.

Alifika nyumbani akiwa na habari kubwa kuliko kikapu. Aliwaambia baba, majirani, na waliokuwa wakipita njia. Kila aliyetia shaka alimjibu, "Mumuulize yaya, tulikuwa naye." Wakamuuliza. Mama mkubwa akaweka mzigo wake chini, akajifuta jasho, akasema:

"Mi sikuona kitu. Nilikuwa naangalia njia."

Kufika magharibi mtaa ulikuwa umekwisha kukata shauri. Ilikuwa avion ya bandoki, ndege ya wachawi, na nani asiyezijua? Ziliundwa kwa ganda la karanga au kopo la sadini, zilipeleka watu Ulaya na kuwarudisha kabla ya alfajiri. Mzee akikutwa asubuhi amepotea katika uwanja wa watu, watu walisema ndege yake imeishiwa mafuta. Na sasa mama yangu ameona moja, mchana, kwa macho yake, wakati mtu aliyekuwa hatua chache nyuma yake hakuona chochote. Ilibaki nini cha kuuliza?

Mama alikuwa akiuza mikate ya kukaanga mbele ya nyumba, ile mipira midogo ya unga ambayo mji huu hauwezi kuamka bila hiyo. Kesho yake karai lilichemka na mikate ikabaki. Wateja walivuka barabara, wakanunua kwa mwanamke ambaye mikate yake, hadi leo ninasema bila haya, ilikuwa migumu kama mawe ya mtoni. Hali hiyo ilidumu. Nilipoanza shule, wenzangu bado waliniuliza kama ni kweli kwetu kuna kiwanja cha ndege. Niliwajibu kuwa kipo, ila ndege ya jioni imejaa, waje wiki ijayo. Nilipigwa kwa jibu hilo, na mimi pia nilipiga.

Baba alijaribu kumtetea kwa namna yake. Alikuwa karani wa serikali, na mambo yote yaliyo angani aliyaweka katika faili moja. "Ilikuwa ballon ya météo," alisema, puto la watu wa hali ya hewa, ingawa hakuwepo na hajawahi kuliona puto la namna hiyo. Mama alichukia puto kuliko uchawi.

"Ndoki, batu banamuogopa," alimwambia. "Lakini mutu mwenye hajue ballon, nani atamuogopa?"

Aliyesaidia hasa ni imamu wetu. Babu zetu walitoka Maniema na dini yao, na mtaani watu wa dini zote walimheshimu mzee yule kwa sababu alikuwa mkali kwa kila mtu sawasawa. Asubuhi moja alikuja, akasimama barabarani mahali pa kuonekana, akala mikate ya mama mmoja baada ya mwingine, akaomba tena. Alipoulizwa haogopi, alisema Mungu ameumba vingi na hakuomba ruhusa ya Mangobo. Wateja wakaanza kurudi. Nadhani wengine walikuwa wamechoka kutafuna mawe tu na walitafuta sababu.

Hivyo mikate ikaokoka, lakini jina halikuokoka. Mtoto akipata homa kwa jirani, mama aliona macho yanavyomgeukia. Na dawa alikuwa anaijua, dawa moja tu, maana sheria ni ile ile: wakiona wawili, kipo.

"Sitaki kitu ingine," alikuwa akituambia. "Nataka yaya aseme mbele ya batu: niliona."

Mama mkubwa alikuwa ameolewa Isangi, kule chini ya mto, na alikuja kututembelea kwa mashua na samaki waliokaushwa wasiomalizika. Hakuna watu niliowahi kuona wakipendana kama wale wawili. Walisukana nywele, walilala kitanda kimoja, walicheka mambo ambayo hawakutuambia. Kisha, kila mara, siku moja kabla ya safari ya kurudi, mama alisema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Yaya, ile siku ya barabara ya Bengamisa..." na mama mkubwa alianza kutafuta viatu vyake. Ilikuwa kama jiwe katika wali. Unajua lipo, unatafuna taratibu, na siku zote unalipata.

Mimi nilimkasirikia mama mkubwa kwa niaba ya mama. Nilikula samaki wake nikiwa nimenuna.

Wakati huo huo, dunia ilikuwa ikibadilika bila kumngoja. Kwanza ulikuja wakati wa wahubiri. Kila kona palikuwa na kanisa la maturubai, na kila kitu kilikuwa dalili ya siku za mwisho. Mhubiri wa jirani alimfuata mama, Mwislamu, akamwahidi kiti cha mbele ikiwa angekuja kutoa ushuhuda. Mama alifurahi, nakiri alifurahi sana, mpaka walipofanya mazoezi na mhubiri akamwomba aongeze mabawa. Mama akasema hakukuwa na mabawa. Mhubiri akasema hata madogo. Mama akarudi nyumbani.

Halafu mimi nikiwa sekondari, mwalimu wa fizikia akaandika herufi nne ubaoni: OVNI. Kitu kinachoruka, kisichotambulika. Alisema duniani kuna watu wameviona vitu hivyo tangu zamani, marubani, askari, wakulima, na wengi wao walichekwa. Nilikimbia nyumbani na habari hiyo. Mama alikuwa anakanda unga.

"Donc iko na jina?" akauliza.

"Iko na jina, mama. Ya Kifaransa."

Alilirudia jina lile siku nzima mpaka likakaa vizuri mdomoni. Tangu hapo hakusema tena "kile kitu" mbele ya wageni. Alisema "OVNI yangu."

Yakaja mabanda ya video, na kwa muda fulani vijana walimheshimu kwa sababu zisizo sahihi, wakimuuliza kama aliona watu wa kijani wenye vichwa vikubwa. Aliwajibu kwamba hakuona dirisha, seuze kichwa. Zikaja simu. Mdogo wangu alimwonyesha wakubwa wa jeshi la nchi ya mbali, wamevaa suti, wamekaa mbele ya vipaza sauti wakisema bila kucheka kwamba wameona vitu angani wasivyovijua. Mama alitazama mpaka mwisho. Alikuwa na swali moja.

"Bale benye waliona, walikuwa wangapi?"

"Wengi, mama."

"Ah. Njo maana."

Na sasa hizi taa. Tangu zianze kupita, watu waliokuwa wakivuka barabara wamegundua kwamba wao pia waliwahi kuona vitu. Fundi viatu aliona kimoja juu ya Lubunga. Kijana wa toleka anayenibeba kwenye baiskeli yake hadi sokoni ameona vitatu, na kimoja kilimfuata. Zamani kuona kulikuwa aibu, siku hizi asiyeona ndiye anayeonewa huruma. Nilidhani mama angefurahi. Lakini kwake haikutosha kwamba wote wameona kitu chao. Alitaka mtu mmoja aliyeona kile chake, na mtu huyo alikuwa hai, mwenye afya, na anaangalia njia.

Mwezi uliopita binti wa binamu yangu alijifungua. Binamu huyo ndiye mtoto wa kwanza wa mama mkubwa, mwanamke mkubwa kama mlango, mcheshi, anauza vitenge sokoni. Basi mama mkubwa akapanda mto kutoka Isangi kuja kumwona kitukuu, na Jumapili mchana tukachinja mbuzi wa akika nyumbani kwetu. Palikuwa na mbuzi, pondu ya majani ya muhogo, na lituma, ndizi zetu za kupondwa ambazo mtu wa Kisangani hawezi kuzikosa kwenye sherehe. Jirani wote walikuja, na imamu mpya, na hata wakwe wa yule binti.

Tulipokwisha kula kidogo, fundi viatu akamwomba mama asimulie OVNI yake. Mama hakuhitaji kubembelezwa. Alisimulia vizuri kuliko siku zote, kikapu, michikichi, ule ukimya, mpaka akafika pale anapofika kila mara: "Na yaya alikuwa nyuma yangu." Watu wote wakamgeukia mama mkubwa.

Mama mkubwa alikuwa anachunguza mfupa wa mbuzi.

"Nilikuwa naangalia njia," akasema.

Mama akainuka, akaenda kukoroga chungu ambacho hakikuhitaji kukorogwa. Mwiko uligonga chungu kwa nguvu mpaka mtoto akashtuka. Niliona aibu, nikaona hasira, na nilikuwa nimekwisha fungua mdomo niseme jambo ambalo lingeharibu akika, lakini yule mzazi mdogo akaniwahi. Alitaka kuleta furaha tu. Akatoa simu, akakaa karibu na bibi yake.

"Koko, hata mi niliona. Tazama."

Kwenye video taa zilipita kwa mstari, watu wakipiga vigelegele. Kisha simu ikashuka, na huyo hapo yeye mwenyewe, tumbo kubwa chini ya kitenge, kidole juu, anacheka. Mama mkubwa akaunyakua mkono wake.

"Hii ilikuwa wakati gani?"

"Karibu nizae, Koko."

"Uliangalia? Na tumbo yote hii?"

"Niliangalia."

"Na mama ya bwana yako, alijua?"

Mkwe wa yule binti alikuwa ameketi pale pale, sahani ya lituma mapajani. "Mi njo nilishika simu, mama," akasema. "Nilimuambia asogee, tumbo iingie ndani ya photo."

Watu wakacheka. Mama mkubwa hakucheka. Akaomba aonyeshwe tena, na tena.

Lazima nieleze, maana vijana hawajui tena. Zamani mjamzito hakutazama kitu kisichojulikana. Alichokitazama yeye kilimwingia mtoto. Na mtoto ambaye mama yake aliitazama ndege ya wachawi akiwa na mimba, huyo angezaliwa na macho manne, asitake, asijue. Kila homa ya nyumba ingekuwa yake, kila zao likikauka ni yeye. Tumewaona watoto kama hao wakitupwa nje na watu waliowazaa, wakilala sokoni juu ya makatoni. Kila mtu wa umri wangu anamkumbuka mmoja.

"Mudogo wangu," mama mkubwa akaita. "Kuja."

Mama akaja, mwiko mkononi.

"Niliona," mama mkubwa akasema.

Nilisikia mafuta yakichemka kwenye karai jikoni.

"Ilikuwa ya round. Ilikuwa inang'aa. Ilisimama juu ya miti, na ndege yote ilinyamaza. Weye uliniita, Yaya, tazama, na mi nikatazama. Kisha nikakumbuka tumbo." Akamnyooshea kidole binamu yangu, yule mkubwa kama mlango, aliyekuwa amesimama na sinia. "Njia yote nilikuwa nafikiri: nikisema niliona, bokilo wangu, mama ya bwana yangu, atamuangalia huyu mutoto namna gani? Nikasema, akikua nitasema. Akakua, akapata homa. Akapona, akaolewa. Akaolewa, akapata mimba yake. Kila mara kulikuwa mutoto. Weye, batu walikutukana, lakini ulikuwa mutu mukubwa, ulikuwa na mudomo. Yeye hakuwa na kitu."

Binamu yangu aliweka sinia chini. "Donc mi pia niliona!" akasema, na watu wakacheka kwa nguvu ya watu waliotaka kulia. Kisha akaenda akapiga magoti mbele ya mama yake.

Nilimtazama mama. Nilikuwa nimeingoja siku hii tangu utoto wangu, na nilidhani angeshangilia, angewageukia jirani mmoja mmoja. Alisimama tu, mchuzi ukidondoka kutoka kwenye mwiko.

"Nilisahau tumbo," akasema polepole. "Mi njo nilikuita utazame. Yaya, na tumbo yote ile, na nilikuita."

"Ulikuwa mutoto."

"Nilikuwa na mutoto mugongoni!"

"Nakuambia ulikuwa mutoto."

Mama akaketi chini kwenye mkeka kando yake. Hasira yangu ya miaka mingi nayo ikakosa mahali pa kukaa, nikabaki nimesimama kama mtu aliyefika kituoni baada ya gari kuondoka. Jirani walianza kuzungumza tena, kwa sauti ndogo, kwa heshima. Fundi viatu alikuwa anajifuta macho na kusingizia pilipili.

"Uliogopa?" mama akauliza.

Mama mkubwa akainama karibu na sikio lake, lakini ni mtu wa mtoni, hajui kunong'ona. "Mukojo ilinitoka."

Mama akajifunika mdomo kwa mkono. Mabega yakaanza kutikisika. "Mi pia," akasema, "mi pia ilinitoka! Nyumbani nikasema ni huyu mutoto," na akaninyooshea mimi mwiko mbele ya wakwe, mbele ya imamu mpya, mbele ya mtaa mzima.

Wakacheka mpaka wakashikana wasianguke. Halafu mama akamshika dada yake mkono na kuanza kumuuliza: je, chini yake kilikuwa cheusi au cha buluu, je, yeye pia alisikia joto usoni, kilizunguka au kilitulia, kilipopanda kilienda upande wa mto au upande wa Banalia? Maswali hayakwisha. Miaka yote ile hakuwa na mtu wa kumuuliza. Mama mkubwa alijibu moja moja, akifumba macho ili akumbuke vizuri, na pale wasipopatana walibishana, na mbuzi wao akapoa kwenye sahani.